Kibali cha Mkubwa Kisiwe Kizuizi cha Haki

Katika nchi ya India limekuwako kwa miaka mingi shauri moja la kisheria ambalo kwa mtazamo wa haraka laonekana kuwa ni la mawakili peke yao. Mfanyakazi wa skuli au chuo, aliyezaliwa katika tabaka linalodharauliwa, huenda polisi kushitaki kwamba mkuu wake wa kazi amemdhalilisha kwa sababu ya nasaba yake. Mkuu yule, kabla polisi hawajamfikia, hukimbilia mahakamani kuomba dhamana ili asikamatwe. Je, apewe au asipewe? Sisi tunaona kwamba swali hili si la mawakili tu, wala si la Wahindi tu. Ni swali la mkubwa na mdogo wake mahali pa kazi, nalo limo katika kila ofisi yenye mhuri na faili.

Msimamo wetu tuuseme mapema. Sheria ya India inayofunga mlango wa dhamana hiyo ni sheria ya haki. Tundu dogo ambalo mahakama imeliacha, kwa ajili ya mtu aliyeshitakiwa pasipo kosa linaloonekana, linatosha. Lisilofaa hata kidogo ni kumkabidhi mwajiri ufunguo wa mlango huo.

Huenda akatokea mtu akauliza, yatuhusu nini ya India? Tunamjibu kwamba bahari iliyo kati yetu na wao haijapata kuwa ukuta. Vijana wetu wanavuka kwenda kusoma huko, na mwezi wa Novemba 2023 chuo cha IIT Madras kilizindua tawi lake hapa hapa Unguja. Watu tunaosoma nao na kufanya nao kazi, yafaa tujue wanavyojaribu kuyatatua matatizo yao. Zaidi ya hayo, visiwa vilivyoonja utwana na uungwana havina haki ya kujifanya vigeni mbele ya neno hili la nasaba.

Kwanza tueleze dhamana yenyewe. Dhamana tunayoijua sote ni ile anayopewa mtu baada ya kukamatwa, ili asubiri kesi yake akiwa nje. India ina dhamana ya namna ya pili. Sheria ya Mwenendo wa Jinai ya mwaka 1973, katika kifungu chake cha 438, ilimruhusu mtu anayehofia kukamatwa kwenda Mahakama Kuu au mahakama ya wilaya kuomba amri kwamba, iwapo polisi watamkamata, wamwachie papo hapo kwa dhamana. Sheria mpya iliyoanza kutumika tarehe 1 Julai 2024 imeiendeleza haki hiyo katika kifungu cha 482. Shabaha yake ilikuwa njema. Wako watu wenye nguvu wanaowasingizia wapinzani wao ili walale rumande japo kwa siku chache, na siku chache za rumande zatosha kumvunjia mtu heshima. Basi dhamana ya kabla ya kukamatwa ni ngao ya raia dhidi ya hila, nasi hatuipingi.

Lakini ngao ikiwa mikononi mwa aliyekwisha kushika upanga, huyo asiye na kitu atajikinga na nini? Hapo ndipo ilipoingia sheria nyingine.

Katiba ya India iliyoanza kutumika tarehe 26 Januari 1950 ilifuta, kwa kifungu chake cha 17, desturi ya kuwahesabu baadhi ya watu kuwa najisi wasioguswa. Mwaka 1955 Bunge lilitunga sheria ya kuwaadhibu waendelezao desturi hiyo. Haikutosha. Watu waliendelea kufukuzwa visimani, kuchomewa nyumba, kutukanwa hadharani kwa majina ya matabaka yao na kunyang'anywa mashamba. Ndipo mwaka 1989 ikapitishwa sheria kali ya kuzuia ukatili dhidi ya matabaka na makabila yaliyoorodheshwa. Kwa sensa ya mwaka 2011, watu wa matabaka hayo walikuwa milioni 201, yaani asilimia 16.6 ya wananchi wote, na wa makabila hayo walikuwa milioni 104. Kifungu cha 18 cha sheria hiyo kinasema kwamba mtuhumiwa wa makosa haya hana haki ya kuomba dhamana ya kabla ya kukamatwa. Walipotokea watu kudai kwamba kifungu hicho kinavunja Katiba, Mahakama ya Juu ilikikubali mwaka 1995, kwa hoja kwamba makosa haya ni ya aina yake, na kwamba watuhumiwa wakiachwa huru tangu mwanzo wataelekea kuwatisha walioshitaki na kuwazuia wasiendelee na kesi.

Hoja hiyo ni nzito kijijini, na katika skuli ni nzito zaidi. Mwalimu mkuu aliyeshitakiwa asipoguswa, kesho yake anaingia ofisini mwake kama kawaida. Ndiye anayeandika ripoti ya mwaka ya mlalamikaji, ndiye anayepanga zamu, ndiye anayeidhinisha likizo, na ndiye anayewasimamia kazini wale mashahidi watatu au wanne waliosikia tusi likitamkwa. Hahitaji kumtisha mtu kwa rungu. Yatosha afungue faili mbele yao.

Tena asidhani mtu kwamba ubaguzi wa skulini unawapata wanafunzi tu. Dokta Bhimrao Ambedkar, aliyeongoza kamati ya kuandika rasimu ya Katiba ya India, alipokuwa mtoto alikaa darasani juu ya gunia lake mwenyewe, mbali na wenzake, na maji hakuruhusiwa kuyagusa; alimiminiwa na tarishi, na siku tarishi asipokuwapo alishinda na kiu. Miaka ikapita, akasoma Marekani na Uingereza, na mwaka 1918 akawa profesa katika chuo cha Sydenham mjini Bombay. Hata hapo walikuwapo maprofesa wenzake waliokataa anywe maji katika mtungi wao wa pamoja. Elimu haikumwondolea mtu huyu unyonge wa kutengenezewa na wengine. Ikiwa profesa alifanyiwa hivyo, sembuse karani, mlinzi au mfagiaji wa madarasa!

Sasa tuje kwenye kesi iliyolitikisa taifa lile, kesi iliyozaliwa katika mgogoro wa kazi chuoni. Katika chuo cha Serikali cha ufamasia kilichoko Karad, jimbo la Maharashtra, alikuwako mtunza ghala aliyetoka katika tabaka lililoorodheshwa. Wakubwa wake wawili, ambao si wa tabaka hilo, waliandika katika ripoti yake ya siri ya mwaka kwamba uadilifu na tabia yake si nzuri. Mwaka 2006 akawashitaki polisi kwa sheria ya 1989. Ili watumishi wa Serikali wafikishwe mahakamani kilihitajika kibali cha wakubwa, na mwaka 2011 mkurugenzi wa elimu ya ufundi alikataa kukitoa. Mwaka 2016 mtunza ghala akamshitaki na mkurugenzi mwenyewe, akidai kwamba hakuwa na mamlaka ya kukataa. Mkurugenzi akaomba kesi dhidi yake ifutwe. Mahakama Kuu ya Bombay ikakataa mwaka 2017, naye akapanda hadi Mahakama ya Juu.

Wasomaji waitazame vyema miaka hiyo. Tangu malalamiko ya kwanza hadi kufika Mahakama ya Juu ilipita zaidi ya miaka kumi, na kwa sehemu kubwa ya muda huo shauri lilikuwa linazunguka katika kibali. Mtunza ghala alidai amedhulumiwa na hakujua mwisho wake. Mkurugenzi naye akajikuta mtuhumiwa wa jinai kwa sababu ya saini aliyoitia kwenye karatasi ya ofisi. Utaratibu wa kibali haukumfaa mdogo wala mkubwa.

Tarehe 20 Machi 2018 majaji wawili wa Mahakama ya Juu walimfutia mkurugenzi kesi yake. Kama wangekomea hapo, pengine pasingekuwa na kelele. Lakini waliendelea mbele. Walisema kwamba sheria ya 1989 inatumiwa vibaya, na wakaweka masharti mapya kwa nchi nzima: kwamba dhamana ya kabla ya kukamatwa yaweza kutolewa pale ambapo kosa halionekani au pale ambapo malalamiko yana hila; kwamba polisi wafanye uchunguzi wa awali kwanza; na kwamba mtumishi wa umma asikamatwe mpaka mamlaka iliyomwajiri itoe idhini kwa maandishi, na asiye mtumishi wa umma mpaka akubali mkuu wa polisi wa wilaya.

Wahenga wetu walikwisha kusema kwamba kesi ya ngedere haipelekwi kwa nyani. Mwajiri wa mwalimu mkuu ndiye aliyemteua, ndiye aliyezipokea ripoti zake na kuziamini, na aibu ya mwalimu mkuu ni aibu yake. Kumwuliza huyo iwapo mteule wake akamatwe au asikamatwe ni kumtaka ajihukumu mwenyewe. Watakuwapo waadilifu watakaotoa idhini, hatukatai. Lakini haki ya mnyonge haiwezi kujengwa juu ya bahati ya kumpata mkubwa mwadilifu.

Wananchi wa matabaka hayo waliliona jambo hilo upesi. Tarehe 2 Aprili 2018 walifanya mgomo wa nchi nzima, na kwa masikitiko watu kadhaa walipoteza maisha katika ghasia zilizotokea. Mwezi wa Agosti mwaka huo huo Bunge lilitia katika sheria kifungu kipya cha 18A, kusema kwamba uchunguzi wa awali si lazima kabla ya kufungua jalada, kwamba idhini ya kukamata haihitajiki, na kwamba dhamana ya kabla ya kukamatwa imezuiwa hata kama mahakama iliamua vingine. Tarehe 1 Oktoba 2019 Mahakama ya Juu yenyewe, ikiwa na majaji watatu, iliyaondoa masharti yale ya mwaka uliotangulia. Ilisema jambo ambalo kila mwendesha ofisi angepaswa kulitafakari: kesi kushindwa mahakamani si uthibitisho kwamba mlalamikaji alisema uwongo, kwani huenda polisi walizembea au mashahidi waliogopa, na kuwadhania watu wa jamii nzima kuwa ni wazushi ni kuwavunjia utu wao.

Hatimaye tarehe 10 Februari 2020 Mahakama hiyo ilikikubali kifungu cha 18A, ikaacha tundu moja tu. Ikiwa maelezo ya mlalamikaji, hata yakichukuliwa yote kuwa kweli, hayaonyeshi kosa la sheria hii, basi zuio la dhamana halimhusu mtuhumiwa. Hapo ndipo sheria iliposimama, na kwa maoni yetu imesimama mahali pake. Jaji halazimiki kupima nani mwema na nani mbaya. Anauliza swali moja: kosa lenyewe limo katika malalamiko haya au halimo? Swali hilo laulizwa mahakamani, mbele ya pande zote mbili, kwa sababu tangu mabadiliko yaliyoanza kutumika Januari 2016 mlalamikaji ana haki ya kujulishwa na kusikilizwa katika shauri la dhamana. Linganisheni hayo na idhini inayotolewa ndani ya ofisi iliyofungwa, ambayo mlalamikaji huambiwa matokeo yake tu.

Sasa tuijibu hoja ya upande wa pili, maana si ya kupuuzwa. Wanasema kwamba mfanyakazi mvivu au mwizi, akiona barua ya onyo inamjia, atakimbilia polisi kudai ametukanwa tabaka lake, na mwalimu mkuu atalala mahabusi kwa kosa la kusimamia kazi. Hatusemi kwamba jambo hilo haliwezi kutokea. Binadamu hutumia vibaya kila chombo, na sheria ni chombo. Lakini wanaosema hivyo husahau kwamba kuandikiwa ripoti mbaya, kuhamishwa au kunyimwa cheo si kosa la sheria hii kwa sababu tu aliyefanyiwa ni wa tabaka fulani. Lazima paonekane tendo ambalo sheria imelitaja, kama vile kumtukana mtu kwa makusudi ili kumdhalilisha mahali panapoonekana na watu, au kumpelekea mtumishi wa umma habari za uwongo ili atumie mamlaka yake kumdhuru. Malalamiko yasiyo na lolote kati ya hayo hupita katika lile tundu la mwaka 2020, na mtuhumiwa hupata dhamana yake.

Na tuseme kweli yote: mwenye malalamiko naye ana la kuhofia. Mwezi wa Novemba 2020 Mahakama ya Juu iliamua kwamba tusi lililotolewa ndani ya kuta nne pasipo mtu wa nje haliingii katika kifungu cha kutukana hadharani. Januari 2025 iliamua vivyo hivyo kuhusu ofisa aliyedai kutukanwa ndani ya chumba chake cha kazi, na kesi ikafutwa. Maana yake ni nini kwa skuli? Ni kwamba mkuu mwenye ulimi mchafu, akijua kufunga mlango, anaweza kuikwepa sehemu hiyo ya sheria. Basi wanaolia kwamba sheria hii ni kali kupita kiasi watambue kwamba inaliacha nje tusi la faraghani, na hilo la faraghani ndilo ambalo wafanyakazi wengi hulimeza kimya. Dawa yake haiwezi kutoka polisi peke yake. Sharti itoke katika uongozi wa skuli na Wizara.

Sisi tuliolelewa chuoni kwa maalim kabla ya kupelekwa skuli tunakumbuka kwamba katika Sura ya Hujurat mambo haya yamewekwa pamoja. Waumini wameamrishwa kuihakikisha habari wanayoletewa na mtu asiyeaminika kabla ya kuwadhuru watu kwa ujinga. Baada ya aya chache wamekatazwa kuwadharau wengine na kuitana kwa majina ya kejeli, kisha wakakumbushwa kwamba mbora mbele ya Mwenyezi Mungu ni mchamungu, na makabila yamewekwa ili watu wajuane. Uchunguzi na heshima ya mtu ni mafunzo ya sura moja. Anayedai uchunguzi ili ailinde heshima ya mkubwa tu, na anayedai heshima ya mdogo huku akikataa uchunguzi, kila mmoja ameshika nusu.

Tugeukie nyumbani. Hadhi ya utumwa ilifutwa kisheria hapa Zanzibar mwaka 1897, lakini dharau ya nasaba haikufutika kwa waraka. Mapinduzi ya tarehe 12 Januari 1964 yalikuja kuuvunja utaratibu uliompimia mtu nafasi yake kwa asili yake, na mwezi wa Septemba mwaka huo elimu ikatangazwa kuwa bure kwa watoto wote. Katiba ya Zanzibar ya mwaka 1984, katika kifungu cha 12, imekataza ubaguzi. Hatuna matabaka ya India, na tumshukuru Mungu. Hata hivyo hatuwezi kusema kwamba katika ofisi zetu hakuna anayetamkiwa alikotoka bibi yake, kisiwa alichozaliwa au rangi ya ngozi yake pale anapodai haki. Na mwenye kufanyiwa hivyo hapa kwetu, kama yule mtunza ghala wa Karad, mara nyingi huambiwa apitishe malalamiko yake kwa mkuu wake wa kazi.

Kwa hiyo tunawaelekea viongozi na watendaji wetu kwa mambo manne. La kwanza, malalamiko ya kudhalilishwa kwa nasaba, asili au rangi yasipitie mikononi mwa anayelalamikiwa, wala kwa aliyemteua. La pili, tathmini ya mtumishi itaje tendo, siku na ushahidi. Neno kama "tabia si nzuri" pasipo maelezo ni mbegu ya kesi, kwani aliyeonewa hawezi kulijibu, na mwandishi mwadilifu hawezi kulitetea. La tatu, mtumishi aonyeshwe lililoandikwa juu yake na apewe nafasi ya kujibu kabla halijawa hukumu. La nne, mgogoro wa kazi na shutuma ya kudhalilisha viende katika njia mbili, kila kimoja kwa wakati wake: kesi ya nidhamu isisimamishwe kwa sababu tu mtumishi amelalamika, na malalamiko yasifutwe kwa sababu tu mtumishi ana kesi ya nidhamu. Na yote yafanywe upesi. Sheria ile ya India imeweka siku 60 za upelelezi, na baada ya hati ya mashtaka kuwasilishwa kesi imalizike, kadiri iwezekanavyo, katika miezi miwili. Haki inayochukua miaka kumi ni adhabu kwa wote wawili.

Kwa wafanyakazi nao tuna neno. Sheria inayomlinda mnyonge ni mali ya wanyonge wote. Mtu anayeitumia kufunika wizi wa ghala au utoro wa darasani anamwibia mwenzake wa kesho, ambaye atatukanwa kweli na asiaminiwe.

Wanachama wa Chama chetu, tangu enzi za TANU, wamekuwa wakiahidi kwamba cheo ni dhamana. Dhamana hiyo ndiyo tunayoitaka kwanza kwa kila mkuu wa skuli, kila ofisa elimu na kila mkurugenzi. Ukubwa aliokabidhiwa autumie kwa namna ambayo, siku mdogo wake atakapomshitaki, faili lake litaweza kusomwa mbele ya watu wote pasipo yeye kuhitaji idhini ya mtu kumkinga.